Garimoshi la Mvuke Likigoma: Anza na Dalili, Usianze na Spana

Mwaka 1811, kwenye mgodi wa makaa ya mawe wa Killingworth kaskazini mwa Uingereza, injini ya kuvuta maji shimoni ilikuwa haifanyi kazi ipasavyo. Aliyejitolea kuirekebisha hakuwa mhandisi wa kusomea. Alikuwa George Stephenson, mfanyakazi wa migodini aliyefika miaka 18 bila kujua kusoma wala kuandika, akajifunzia ukubwani kwenye masomo ya usiku, na ambaye siku za mapumziko alizoea kuifungua injini aliyokabidhiwa na kuifunga tena ili aielewe. Ile ya Killingworth akaitengeneza ikafanya kazi, na mwaka uliofuata akakabidhiwa mashine za mgodi.

Wengi tunaofufua magarimoshi ya zamani ni watu wa namna hiyo. Tulijifunza kwa kufungua na kufunga. Kasoro yetu nayo imetokea huko huko: mkono umezoea spana, basi dalili ikijitokeza tunakimbilia kufungua kile kinachopiga kelele. Kwenye injini ya mvuke, kinachopiga kelele mara nyingi ndicho kinachoumizwa, siyo kinachoumiza.

Dalili zilizo hapa chini nimezipanga kwa jinsi zinavyonisumbua, isipokuwa ya kwanza. Hiyo nimeitanguliza kwa sababu inaua.

Maji hayaonekani kwenye kioo

Hapa hakuna uchunguzi. Kama kioo cha maji, yaani mrija wa kioo ulioungwa na boila juu na chini kuonyesha kimo cha maji yake, ni kitupu, na ukijaribu vali zake haraka haraka maji hayaji, huna muda wa kutafuta chanzo. Ua moto: umwage chini kama wavu wa tanuri unaruhusu, la sivyo ufukie kwa makaa yaliyolowa, kisha funga dampa (mlango wa hewa chini ya moto) na blowa (mrusho wa mvuke dohani unaovuta moto). Injekta, kile kifaa kinachoingiza maji kwenye boila, usiiguse. Bati la paa la tanuri likipata moto bila maji juu yake hulegea, na maji baridi yakilifikia wakati huo unaongeza balaa. Presha ishuke yenyewe, na watu wakae mbali.

Uchunguzi ni wa siku za kawaida, wakati kioo kinaonyesha maji lakini hujui kama kinasema kweli. Garimoshi likiwa kwenye mwendo, maji kiooni hayatulii. Yanacheza juu na chini. Yakitulia kama yamechorwa, shuku. Njia ya juu ikiziba kwa ukoko wa chokaa, mvuke ulionaswa kiooni unapoa na maji ya boila yanasukumwa juu kujaza nafasi yake. Njia ya chini ikiziba, mvuke unaendelea kupoa na kudondoka tone kwa tone, kioo kinajaa huku boila ikipungua. Tazama ubaya wa jambo hili: iwe imeziba juu au chini, kosa linakudanganya upande mmoja tu, kwamba una maji mengi kuliko uliyonayo.

Kipimo chake ni cha dakika moja. Funga vali ya juu na ya chini, fungua ya kutolea. Fungua ya chini peke yake. Maji yatoke kwa nguvu. Ifunge, fungua ya juu. Mvuke utoke kwa nguvu. Mwisho fungua zote mbili na ufunge ya kutolea, maji yaruke hadi kimo chake mara moja. Yakipanda kwa kujivuta, kuna uchafu njiani, nao utatoka kwa kuzibua boila ikiwa imepoa, siyo kwa kugongagonga vali kwa nyundo.

Juni 1995, garimoshi namba 1278 la reli ya utalii ya Gettysburg, Pennsylvania, lilipasuka paa la tanuri likiwa safarini, na wafanyakazi watatu waliokuwa kwenye kibanda cha dereva wakaungua. Wachunguzi walikuta maji yalikuwa yamepungua kwenye boila na njia za kioo zina ukoko. Kioo kilikuwepo. Kilichokosekana ni kukipima.

Kuhusu ile plagi ya risasi kwenye paa la tanuri, iliyowekwa iyeyuke na kutoa onyo maji yakipungua, usiitegemee. Risasi huyeyuka kwenye nyuzijoto 327 za Selsiasi, ilhali maji ya boila yenye presha ya bar 14 yana nyuzijoto kama 198, kwa hiyo plagi iliyofunikwa na maji haiyeyuki. Lakini ikigandiwa na ukoko kwa juu, risasi inaweza kuyeyuka na ukoko ukabaki umeziba tundu, bila mlio wala onyo.

Moto unawaka, presha haipandi

Hili ndilo ninaloulizwa kuliko yote, na kila mara muulizaji ameshabadilisha makaa mara mbili. Mimi naanza na hewa.

Moto wa garimoshi hautegemei urefu wa dohani. Mvuke uliomaliza kazi kwenye silinda unarushwa juu kupitia pua iliyo ndani ya chumba cha moshi, unaingia dohani, na ukipita unaburuta moshi pamoja nao. Chumba kinabaki na mvuto, na mvuto huo ndio unaoleta hewa kutoka chini ya wavu, ikapita motoni na kwenye mirija yote inayopita ndani ya boila. Garimoshi la Rocket la mwaka 1829, lenye mirija 25 ya shaba, lilivuta pumzi kwa mpango huu huu. Sasa chumba cha moshi kikiwa na tundu popote, kitavuta hewa ya bure kutoka tunduni, na moto utabaki unakodoa macho.

Kwa hiyo kagua mlango wa chumba cha moshi. Rangi iliyobabuka sehemu ya chini ya mlango, au majivu yanayoendelea kuwaka humo ndani baada ya kazi, ni ushahidi kwamba hewa inaingia. Washa blowa, chukua mshumaa, upitishe polepole kuzunguka ukingo. Mwali utalala kuelekea ndani pale penye tundu. Usiishie mlangoni, shuka hadi pale mabomba ya mvuke yanapotoboa bati. Huko ndiko nimekuta matundu mengi zaidi, kwa sababu ni kuchafu na hakuna anayependa kulala chini.

Kama chumba hakivuji, teremsha timazi kutoka katikati ya dohani. Ncha yake iangukie katikati ya pua. Pua iliyohama hata nusu sentimita inarusha mvuke ubavuni mwa dohani, na utaiona alama yake bila kupima: upande unaopigwa umesuguliwa hadi chuma kinang'aa, upande wa pili umejaa masizi laini.

Dalili nyingine inayopotosha ni hii: garimoshi likisimama linapandisha presha vizuri, likivuta linaishiwa. Mchochea moto atalaumiwa. Lakini fikiria ni nini kinachobadilika likianza kuvuta: regulata, vali inayopeleka mvuke kwenye silinda, imefunguliwa. Mvuke sasa unapita kwenye mabomba yaliyo ndani ya chumba cha moshi, na kiungo kimoja kikivuja, mvuke huo unajaza nafasi iliyopaswa kuwa na mvuto. Funga breki na kabari, weka wenzo wa mwelekeo (unaochagua mbele au nyuma) katikati, fungua regulata kidogo, halafu sikiliza mlangoni mwa chumba cha moshi. Mfoko utausikia.

Baada ya hapo ndipo uje kwenye moto wenyewe. Moshi mweusi mzito unaoendelea bila kukoma maana yake moto unakosa hewa: makaa yamerundikwa, dampa imefungwa, sanduku la majivu limejaa, au majivu yameyeyuka na kuganda kama bamba juu ya wavu. Dohani safi kabisa huku presha ikishuka ni kinyume chake. Moto ni mwembamba, una mashimo, na hewa baridi inapita bila kuungua. Kisha mulika mirija kwa tochi, mmoja mmoja, na uhesabu iliyoziba. Ukoko upande wa maji uache wa mwisho. Upo, lakini huo hupunguza nguvu mwezi hadi mwezi. Haukushtukizi asubuhi moja.

Injekta inatema

Henri Giffard alipata hataza ya injekta mwaka 1858, na hadi leo kuna mafundi wanaiona kama uchawi: mvuke wa boila unasukuma maji yaingie kwenye boila ile ile. Injekta haina pistoni wala gurudumu. Ndani ni koni tu, zilizochongwa kwa vipimo vya karibu sana. Ndiyo maana kuifungua kila inapokosea kunaleta hasara. Kila ukiifungua unazikwaruza.

Soma kwanza bomba la kumwagia, lile linalotoa nje kisichoingia kwenye boila. Likimwaga maji matupu, maji ni mengi kuliko mvuke unaoyasukuma. Likitoa mvuke mtupu, maji hayafiki: kagua vali ya tenda (behewa la maji na makaa), kisha chujio, kisha mpira wa bomba ambao unaweza kuwa umechanika kwa ndani na ngozi yake kujifunga kama mlango. Likitema maji na mvuke kwa kupokezana, kama mtu mwenye kikohozi, basi kuna hewa inaingia au maji ni ya moto.

Maji ya moto yana sababu mbili. Ya kwanza ni jua na tenda iliyokaribia kuisha. Ya pili ni ile vali isiyorudisha iliyo kwenye ubavu wa boila: isipofunga vizuri, maji ya boila yanarudi nyuma na kuichemsha injekta yote. Dondosha tone la maji kwenye bomba la kupeleka wakati injekta imefungwa. Likichemka na kuruka, umempata mwizi. Kitambaa kilicholowa juu ya injekta kitakufikisha mwisho wa safari, lakini vali hiyo isagwe upya kwenye kiti chake kabla ya safari nyingine.

Hewa ndiyo iliyonitesa mimi. Injekta yangu ya kuvuta maji kutoka chini ilikuwa inashika sekunde tano, inakohoa, inaachia. Niliifungua mara tatu. Koni zilikuwa safi hata ungeweza kujiona usoni. Nilitafuta uvujaji kwenye bomba la kuvutia na sikuona tone hata moja, nikaapa kwamba bomba ni zima. Kosa langu lilikuwa hapo: upande wa kuvuta presha iko chini ya hewa ya nje, kwa hiyo ufa haumwagi maji nje, unanyonya hewa ndani. Bomba linalovuja hivyo ni kavu kabisa. Siku ya nne nilipaka povu zito la sabuni kwenye kila kiungo huku injekta ikikohoa. Kwenye nati ya tatu, ambayo nilikuwa nimeshaigusa labda mara ishirini, povu lilijikunja kama linamezwa na mdomo mdogo, likaacha kidoti cheusi. Kuikaza robo mzunguko kulitosha.

Dohani inanyesha mvua

Mvuke unaotoka ni mzito na mweupe, matone machafu yanawaangukia watu, na sauti ya injini inakuwa ya majimaji. Maji ya boila yanapanda pamoja na mvuke. Funga regulata taratibu na ufungue vali za kutolea maji za silinda papo hapo, kwa sababu maji hayabanwi. Pistoni ikiyakuta mwisho wa mwendo wake, kitakachoachia ni kifuniko cha silinda.

Kwenye dakika za mwanzo, silinda zikiwa baridi, maji kidogo ni ya kawaida. Yakitokea katikati ya safari, jiulize mambo mawili. Je, umejaza boila kupita kiasi? Je, regulata ilifunguliwa kwa pupa? Kama majibu ni hapana, basi maji yenyewe yamechoka: yamejaa chumvi na matope, au yameingiwa na mafuta, na yanatoa povu kama sufuria ya maziwa. Hapo dawa ni kutoa maji ya chini na kuiosha boila. Ukibadilisha vali za silinda kwa sababu ya povu, utabadilisha na mwaka ujao.

Pumzi haziko sawa

Garimoshi la silinda mbili hutoa pumzi nne, yaani milio minne ya mvuke dohani, kwa kila mzunguko wa gurudumu. Simama kando ya reli likipita polepole na uhesabu. Nne zilizo sawa ni afya. Moja ikiwa dhaifu, au ikichelewa, mpangilio wa vali umehama. Kama kati ya pumzi na pumzi kuna mfoko usiokatika, mvuke unapita mahali usipotakiwa, na swali ni kama unapita kwenye vali au kwenye ringi za pistoni.

Jaribio la kutenganisha hivi viwili ni zuri sana, na linahitaji utulivu tu. Lisogeze garimoshi hadi krenki (mkono unaozungusha gurudumu) ya upande unaoupima isimame wima. Funga breki, weka kabari mbele na nyuma ya magurudumu. Fungua vali za kutolea maji za silinda, weka wenzo wa mwelekeo katikati kabisa, kisha fungua regulata kidogo. Katika hali hiyo vali ya upande huo imefunika njia zote mbili. Mvuke ukitoka kwenye silinda hiyo hata hivyo, vali inavuja. Usihangaike na silinda ya upande wa pili. Krenki yake imelala, vali yake ipo wazi kidogo, lazima itoe mvuke.

Sasa peleka wenzo mbele kabisa. Mvuke utaingia upande mmoja wa pistoni. Ukitokea pia kwenye vali ya kutolea ya upande wa pili wa pistoni ile ile, ringi zimechoka. Hamia upande mwingine wa garimoshi urudie. Nimeona watu wakitoa pistoni zote mbili, kazi ya siku kadhaa, kujibu swali ambalo jaribio hili lingelijibu kabla chai haijapoa.

Kugonga

Gonga-gonga usiitafute kwa sikio. Chuma kinasafirisha sauti hadi inasikika upande usio wake. Ukiwa na breki na kabari vilevile, mwenzako aingize mvuke kidogo na kupeleka wenzo mbele, nyuma, mbele, nyuma. Wewe tazama mafuta kwenye kila kiungo. Kiungo kilicholegea kinayanyonya na kuyatema, vipovu vidogo vinatokea ukingoni kila nguvu inapogeuka. Kisichotoa vipovu kiache. Mlio mmoja tu kwa kila mzunguko, mkali, wa chuma kwa chuma, ni wa kuogopa zaidi: huenda pistoni inagusa kifuniko au imelegea kwenye fimbo yake. Usiendelee na safari.

Beringi inachemka

Pua itaijua kabla ya mkono. Mafuta yaliyoungua yana harufu usiyoisahau. Punguza mwendo, simama pazuri, ongeza mafuta, lakini usiimwagie maji baridi. Metali nyeupe ya beringi huanza kuyeyuka kwenye nyuzijoto kama 240, na ukiona vipande vyake vinavyong'aa ndani ya mafuta, huna la kujadili.

Kama beringi imetoka kutengenezwa, ilibanwa mno au fito hazijanyooka. Kama imefanya kazi miezi mingi kisha ikachemka ghafla, mafuta hayafiki, na hapo tazama utambi. Utambi wa sufu hunyonya mafuta kutoka kikombeni, hupanda nayo, kisha huyadondosha kwenye bomba la katikati; mkia wake ulioning'inia bombani lazima ushuke chini ya kimo cha mafuta ya kikombeni, la sivyo hakuna kinachotiririka. Maji ya mvua yakiingia kikombeni, yanakaa chini na sufu inakunywa maji badala ya mafuta. Mimi niliwahi kutengeneza tambi za nailoni kwa sababu nyuzi zake zilikuwa imara na hazichambuki. Zilikuwa nzuri kuzitazama. Beringi ilichemka baada ya mwendo mfupi, kikombe bado kimejaa, na utambi nilipouvuta ulikuwa na mafuta kwenye sentimita ya mwisho tu.

Boila inalia machozi

Mirija ikivuja asubuhi ikiwa baridi na kukauka ikipata moto, umeichosha kwa haraka. Boila kubwa iliyopoa kabisa inataka kupashwa polepole, hata usiku kucha. Na jioni, usiache blowa inavuta hewa baridi kupita kwenye wavu mtupu. Ncha za mirija zinanywea na kuachia.

Kabla hujabandua vazi la boila kutafuta uvujaji mwingine, kumbuka kwamba magarimoshi mengi ya zamani yalivikwa asbesto. Mwite mwenye leseni ya kuitoa. Vumbi lake halina dalili ya siku hiyo.

Ukishafika kwenye bati, tafuta michirizi myeupe ya chumvi. Mchirizi uanzie wapi ndipo palipo jambo. Ukianzia kwenye plagi ya kusafishia, subiri presha iishe kabisa ndipo uikaze. Ukianzia katikati ya boliti inayoshikilia tanuri na ganda la nje, usifurahi kwamba ni kidogo. Boliti hizo nyingi zimetobolewa kitundu chembamba kwa makusudi, ili ikikatika kwa ndani, mvuke utokee hapo na kukuambia. Nimewahi kununua boila ambayo fundi aliyetangulia alikuwa ameviziba vitundu kumi na moja kwa misumari, kwa ustadi, kisha akapaka rangi. Tulivizibua vyote kumi na moja. Boliti tisa zilikuwa zimekatika.